Wasema Kiswahili wa Louisville tuko wangapi? Namba tatu zinazogongana na jinsi ya kuzisoma

"Shikamoo mtaalamu. Mimi ni mama wa watoto wanne, tunaishi Louisville jimbo la Kentucky, tulitoka kambi ya Nyarugusu kule Kigoma, Tanzania, mwaka 2017. Tuna kikundi chetu cha wakinamama wa Kikongo na tunataka kuomba ruzuku tuanzishe masomo ya jioni kwa watoto wetu wanaohangaika na Kiingereza shuleni. Fomu ya wafadhili inauliza watu wanaosema Kiswahili eneo lenu ni wangapi na takwimu mmezitoa wapi. Nimekesha siku tatu natafuta kwenye simu. Nimepata namba ya sensa, namba ya watu wa elimu, na namba ya wakimbizi waliopokelewa Kentucky, zote tatu haziendani hata kidogo mpaka nimechoka. Jirani ananiambia chukua iliyo kubwa, basi. Mwingine anasema niandike barua ya FOIA, ile ya kuomba rekodi serikalini, wanipe namba ya kweli, lakini naogopa, grinkadi nimepata juzi juzi tu sitaki kujiletea matatizo. Namba ipi ni ya kweli, na nifanye nini?"

Marahaba dada yangu, na pole kwa kukesha. Nimeisoma barua yako mara mbili na naona kinachokusumbua sio kukosa takwimu, takwimu umezipata, tena tatu. Kinachokusumbua ni kwamba unaamini moja ndo ya kweli na mbili zinadanganya, sasa unamtafuta muongo ni nani. Mimi nakuambia inawezekana kabisa hamna muongo hapo. Zile namba zimehesabu watu tofauti, kwa swali tofauti, kwa mwaka tofauti, alafu zote zikabandikwa jina moja kwamba ni "wasema Kiswahili" au "Wakongo". Ukishajua kila moja ilimhesabu nani, hautahangaika tena kuchagua, fomu yenyewe itakuonyesha ya kutumia.

Kwanza nikueleze kwa nini hakuna ofisi moja yenye jibu, maana hapo ndo wengi wetu tunapotea. Ulipokuwa Tanzania takwimu zilikuwa na mlango mmoja, Ofisi ya Taifa ya Takwimu, NBS, na Kenya wana KNBS yao. Na kwa nyinyi mliotoka Kongo ndo zaidi, kule sensa ya mwisho ilifanyika 1984, kwa hiyo kuna watu wazima wenye wajukuu ambao kwao hawajahesabiwa hata mara moja. Mtu akifika Marekani anadhani ataikuta NBS ya Kentucky, ataigongea mlango apewe namba. Haipo hivo. Kuhesabu watu ni kazi ya serikali kuu, kupitia ofisi yake ya sensa, Census Bureau. Jimbo lenyewe kazi yake ni shule, afya, barabara, leseni, na kila idara inaandika kumbukumbu za kazi yake. Mtoto akiandikishwa shule anaingia kwenye rekodi ya elimu, akizaliwa anaingia kwenye rekodi ya afya, ukichukua leseni ya udereva unaingia kwingine. Takwimu nyingi za jimbo zimezaliwa hivo, ni mabaki ya kazi, hakuna mtu aliyekaa mezani akasema leo tuhesabu wasema Kiswahili. Ndo maana ukiona namba ya jimbo swali la kwanza sio "ni kweli?", swali ni "hii ilitokana na kazi gani?"

Sasa tuzichukue moja moja.

Ile unayoita ya sensa, karibu nina uhakika sio sensa. Sensa ya 2020 haikuuliza lugha kabisa, swali la lugha lilitolewa kwenye sensa kuu baada ya ile ya 2000. Ulichokiona ni utafiti mwingine wa hao hao Census Bureau unaitwa American Community Survey, wanaufupisha ACS. Unafanyika kila mwaka, wanachagua anwani kama milioni 3.5 nchi nzima, kwa hiyo ni sampuli, nyumba nyingi hazifikiwi mwaka huo. Wanauliza kwa kila mtu wa miaka 5 na kuendelea kama anaongea lugha nyingine nyumbani isipokuwa Kiingereza, ni lugha gani, na Kiingereza anakiongea vizuri kiasi gani. Umeona hapo? Mtoto wa miaka 4 hayumo. Na nafasi ya kuandika lugha ni moja tu, sasa mfikirie Mkongo wa Uvira anayeongea Kifulero na mama yake, Kiswahili na mume wake, na Kifaransa alichosomea, ataandika ipi? Akiandika Kifaransa kwa sababu anaona ndo chenye heshima kwenye karatasi ya serikali, kwetu ameshapotea.

Kuna jingine wengi hawalioni. Kwenye jedwali kubwa la lugha, lile la B16001, Kiswahili hakisimami peke yake, kimewekwa kapu moja na lugha nyingine za Afrika ya Kati, Mashariki na Kusini, maana yake Kinyarwanda, Kirundi, Kilingala na wenzao wamo humo humo. Na ukienda kwenye jedwali fupi ambalo ndo linapatikana kwa mitaa midogo, Kiswahili kinapotelea kabisa kwenye "lugha nyinginezo". Sio dharau, wanaficha vikundi vidogo ili mtu asije akatambulika, ila wewe ukichukua ile ya kapu ukaandika "wasema Kiswahili" utakuwa umewahesabu na majirani.

Alafu angalia pembeni ya namba, kuna kanamba kengine kenye alama ya kujumlisha na kutoa. Usikaruke hako. Tuseme, na hizi natunga tu kwa mfano, jedwali limeandika 4,000 na pembeni 1,200. Hapo wanakuambia kwa uaminifu kabisa kwamba sampuli yao inaonyesha kitu kati ya 2,800 na 5,200, na kwa kipimo chao ukirudia zoezi kama hilo mara 10, karibu mara 9 jibu halisi litaangukia ndani ya nafasi ya namna hiyo. Kwa hiyo mtu akikuonyesha mwaka jana 4,000 mwaka huu 4,500 akasema tumeongezeka, bado hajathibitisha kitu. Na kama ni ile ya miaka mitano, mfano 2019 mpaka 2023, huo ni mchanganyiko wa miaka yote mitano, familia iliyofika mwishoni mwa 2023 humo inaonekana kwa mbali sana. Ile ya mwaka mmoja ni mpya zaidi ila inatolewa kwa maeneo yenye watu 65,000 kwenda juu, na mtikisiko wake ni mkubwa zaidi.

Namba ya pili, ya elimu. Hii mimi naipenda kwa sababu imetokana na mtoto halisi aliyekaa darasani, sio sampuli. Unakumbuka siku ulipowaandikisha wanao ulipewa karatasi ikauliza nyumbani mnaongea lugha gani? Ndo hapo inapoanzia. Ukijibu lugha isiyo Kiingereza mtoto anapimwa, na akionekana bado anahitaji msaada anaingia kwenye kundi la wanaojifunza Kiingereza, alafu kila mwaka anafanya mtihani mpaka afuzu atoke. Namba za lugha zinazotolewa mara nyingi ni za watoto waliomo kwenye kundi hilo tu. Kwa hiyo mtoto wako wa kwanza akishafuzu anatoka kwenye hesabu ingawa nyumbani bado mnaongea Kiswahili asubuhi mpaka usiku. Wazazi hawamo, bibi hayumo, mtoto wa shule ya binafsi kwa kawaida hayumo. Na pale kikundi kinapokuwa kidogo, mara nyingi chini ya 10, majimbo mengi wanaweka nyota badala ya namba. Nyota sio sifuri! Nimeona watu wameandika kwenye ripoti kwamba shule fulani haina mtoto wa Kiswahili hata mmoja kumbe ina nane.

Namba ya tatu ya wakimbizi, hiyo inahesabu kufika, haihesabu kukaa. Mwaka wa bajeti 2023 wa serikali kuu Marekani ilipokea wakimbizi 60,014, kati yao 18,145 walitoka Kongo ya Kinshasa, Wakongo walikuwa wengi kuliko taifa jingine lolote mwaka huo. Familia ikipelekwa Kentucky inaandikwa Kentucky siku ya kufika. Baada ya miezi sita ikihamia Iowa kwa sababu shemeji amepata kazi kwenye kiwanda cha nyama, ile rekodi ya kufika haibadiliki, bado ni ya Kentucky. Na aliyefikia Texas akaja Louisville kumfuata dada yake humo hayumo. Aliyezaliwa hapa hayumo. Mkenya aliyekuja kwa masomo hayumo.

Sasa chukua familia moja tu uone. Tuseme baba amezaliwa Fizi kule Kongo, mama amezaliwa mji wa Baraka kule kule, watoto wawili wamezaliwa Nyarugusu, wawili wamezaliwa hapo hapo Louisville na wa mwisho ana miaka 3. Kwenye rekodi ya wakimbizi hii familia ni Wakongo wanne, kwa sababu kule wanaangalia uraia, na wale wadogo wawili hawakuwepo. Kwenye jedwali la ACS la mahali mtu alipozaliwa, Wakongo ni wawili, Watanzania wawili, Wamarekani wawili, ndo hivo, mtoto wa kambini Kigoma anaonekana Mtanzania kwenye takwimu za Marekani. Kwenye jedwali la lugha wanahesabika watano kama wameandika Kiswahili, yule wa miaka 3 bado. Na shuleni kwenye kundi la Kiingereza labda ni mmoja tu, kwa sababu mkubwa ameshafuzu na wa tatu ndo kwanza ametimiza miaka 5, hajaanza shule. Familia moja, meza moja ya chakula, na umepata mbili, nne, tano na moja. Zidisha hiyo kwa jiji zima alafu uniambie kama ni ajabu namba zako kutofautiana.

Kwa hiyo jirani yako anayesema chukua kubwa, amekupenda lakini amekushauri vibaya. Wafadhili wengi hizo jedwali wanazijua, kuna mtu ofisini kwao kazi yake ni kuzifungua na kuhakikisha. Na hata wasipohakikisha, mwakani watakuuliza mmewafikia wangapi kati ya hao mlioandika, na tuseme mlifikia watoto 40. Arobaini kati ya namba kubwa mno inaonekana hamjafanya kitu, wakati 40 kati ya watoto wanaohitaji kweli ni kazi kubwa ya kujivunia.

Mimi ningefanya hivi. Mradi wenu ni wa watoto wanaohangaika na Kiingereza, basi namba ya mbele iwe ya shule, maana ndo inayowahesabu hao hao mnaowalenga. Ya ACS iwe nyuma yake kuonyesha jamii ilivyo pana, na uandike wazi kwamba inajumuisha lugha za jirani na uweke kale kanamba ka pembeni. Ya wakimbizi itumie kuonyesha watu wamekuwa wakifika, basi, usiitumie kusema wako wangapi. Na kamwe usizijumlishe hizo tatu, utakuwa unamhesabu mtoto mmoja mara tatu. Sentensi yako inaweza kuwa: "Katika mwaka wa shule fulani, wilaya yetu ya shule iliripoti wanafunzi kadhaa wanaojifunza Kiingereza ambao lugha yao ya nyumbani ni Kiswahili." Mwaka, nani kasema, nani kahesabiwa. Mfadhili akisoma hivo anajua anaongea na watu makini.

Kuhusu mwaka kuna mtego. Ukiona "2023" kwenye faili la serikali usidhani ni Januari mpaka Desemba. Mwaka wa bajeti wa serikali kuu unaanza Oktoba mosi, kwa hiyo wakimbizi wa 2023 ni wa kuanzia Oktoba 2022 mpaka Septemba 2023. Majimbo 46 yanaanza Julai mosi, Kentucky ikiwemo, New York wanaanza Aprili, Texas Septemba, Alabama na Michigan Oktoba. Shule nao wana mwaka wao unaoanza Agosti. Namba mbili za "2023" zinaweza kuwa zimepishana miezi kibao, na kwa jamii iliyokuwa ikipokea watu kila wiki hiyo miezi inaonekana.

Kuhusu kutafuta, achana na lile jibu linalotokea juu kabisa ukiandika kwenye Gugo, au angalau usilinakili bila kufungua ukurasa wenyewe. Zipo tovuti za biashara zinazochukua data za serikali, zinazipamba, mara nyingine za zamani, alafu zinakudai ulipe. Usilipe. Angalia anwani inaishia .gov, au .edu kwa zile zinazokaa chuoni. Na hapo Louisville mna bahati, kwa sababu tangu 1978 Census Bureau ina mpango wa kuwa na kituo cha takwimu kila jimbo, na cha Kentucky, Kentucky State Data Center, kipo hapo hapo mjini, Chuo Kikuu cha Louisville. Waandikie barua pepe kwa lugha rahisi kabisa, waambie natafuta wasema Kiswahili wa kaunti ya Jefferson, yaani kaunti yenu ya Louisville, kwa ajili ya andiko la mradi. Kusaidia watu kuzisoma hizi data ndo sababu ya kuwepo kwao. Za watoto, anza na wilaya ya shule yenyewe, kitengo kinachosimamia wanaojifunza Kiingereza, wao wana mgawanyo wa lugha kwa undani kuliko unachokikuta kwenye tovuti ya jimbo. Na maktaba ya umma, tafadhali usiidharau, pale mapokezi kuna mkutubi amesomea kutafuta vitu kama hivi na atakaa na wewe bure. Usifanyie kazi hii kwenye simu, zile jedwali kwenye simu zinakatika, safu ya pembeni haionekani, na hapo ndo watu wanakosea.

Haya, hofu yako ya barua. FOIA ni sheria ya 1966 ya kuomba rekodi za serikali na inahusu ofisi za serikali kuu tu. Ukiiandikia idara ya Kentucky barua ya FOIA umetumia sheria isiyowahusu. Kila jimbo lina yake, ya Kentucky inaitwa Open Records Act, ipo tangu 1976. Tangu 2021 inataka muombaji awe mkazi wa Kentucky, na hapa sikiliza vizuri, mkazi maana yake mtu anayeishi hapo, sio raia. Wewe ni mkazi. Hawakuulizi grinkadi, hawakuulizi umeingiaje nchini, unaandika jina lako, namna ya kukupata, na kwamba unaishi Kentucky. Wana siku 5 za kazi za kukujibu. Kuomba takwimu sio kushtaki mtu, ni jambo ambalo ofisi hizo wanalipokea kila siku. Na kwa ACS yenyewe, kama siku moja karatasi ikija kwako, sheria inayosimamia sensa, Title 13, inakataza majibu yako kupewa ofisi nyingine, mfanyakazi akiyatoa anaweza kufungwa mpaka miaka 5 na kutozwa faini mpaka dola 250,000.

Ila kabla hujafika kwenye barua uliza kwanza kwa simu au barua pepe ya kawaida, mara nyingi unapewa bila sheria yoyote kutajwa. Ikibidi kuandika, usiulize swali, omba rekodi. Ukiandika "wasema Kiswahili ni wangapi?" wanaweza kukujibu kwamba sheria haiwalazimishi kutengeneza kitu kisichokuwepo, na watakuwa sahihi. Andika "naomba ripoti au faili lililopo linaloonyesha idadi ya wanafunzi wanaojifunza Kiingereza kwa lugha ya nyumbani, mwaka wa shule fulani, kwa kila shule". Omba faili la Eksel kama lipo, sio picha iliyoskaniwa. Na kumbuka barua yako nayo inakuwa rekodi ya umma, kwa hiyo majina ya watoto wenu, namba za kesi, habari za familia, usiweke humo.

Wakikunyima kwa sababu usiyoielewa unaweza kukata rufaa kwa Mwanasheria Mkuu wa jimbo, na hapo ndo ningependa usiende peke yako, tafuta kituo cha msaada wa sheria au mtu wa shirika lililowapokea akusomee barua ya kukataliwa kabla hujajibu. Na kama hofu yako haihusu takwimu bali kuna jambo kwenye faili lako la uhamiaji linalokunyima usingizi, hilo lipeleke kwa wakili wa uhamiaji uso kwa uso, usimuulize jirani wala mimi huku mtandaoni. Kwa andiko lenyewe, anza Jumatatu na wilaya ya shule na kile kituo cha pale chuoni siku hiyo hiyo, maana majibu yanaweza kuchukua wiki moja au mbili na fomu yako naamini ina tarehe ya mwisho. Wakishakutumia jedwali na ukakwama kwenye safu yoyote, nitumie jina la jedwali na mwaka wake, tutalisoma pamoja.